Upande wa nyuma wa bango: shajara ya filamu yangu ya Gikomba

12 Februari

Naanza kuandika leo juu nikingoja filamu iishe ndio niandike, nusu ya mambo nitakuwa nimesahau. Hii filamu imenikaa kichwani tangu mwezi wa kumi na moja mwaka jana, siku mvua ilinikuta Gikomba nikitafuta jaketi ya mtumba, nikakimbilia kibanda cha mama mmoja anauza nyanya, nikainua macho nione kama panavuja na nikapatana na jicho. Jicho moja, kubwa kuliko sufuria ya harusi, linaniangalia kutoka kwa paa.

Kumbe ni turubai la bango, ile plastiki ngumu inachapishwa matangazo na kutundikwa kwa zile nguzo za Mombasa Road. Likishushwa mtu analiuza, linakatwa vipande, linakuwa paa la soko. Yule msichana wa tangazo alikuwa amegawanywa kama nyama ya sherehe, jicho kwa mama wa nyanya, meno kwa jirani anayeuza viatu, nywele sijui zilienda wapi.

Nimefanya kazi miaka sita kwa seti za matangazo hapa Nairobi, kwanza kubeba taa, sai msaidizi wa kamera. Najua bango linazaliwa vipi, nani analipwa, nani anapaka nani poda, ni mara ngapi mtu anaambiwa acheke tena. Penye linaenda likimaliza kazi sikuwa nimewahi kujiuliza, na hilo linaniuma kidogo, juu ni mimi nilisaidia kuyatengeneza.

Kwa hivyo mpango ni huu: filamu ya dakika kama 40, haina msimulizi, haina muziki wa kubandikwa juu. Picha inakaa kwa skrini hadi iache kuuza. Hiyo sentensi nimeiandika kwa karatasi nikaibandika ukutani juu ya kompyuta.

15 Februari

Leseni. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Sura ya 222, inataka uwe na leseni kabla ya kupiga filamu ya kuonyeshwa watu, hata kama timu yenu ni watu wawili na kamera moja ndogo. Nimejaza fomu, nimelipa. Tunaendelea.

19 Februari

Leo nimepata penye haya maturubai yanatoka. Si mbali na Muthurwa kuna kijana ameyakunja kama mikeka, marundo hadi usawa wa kifua, na anayajua kwa rangi na kwa mgongo. Jina la kampuni halimsaidii kitu. Ananiambia dada, hii ni mgongo mweupe, inapitisha mwanga, hii ni mgongo mweusi, giza tupu, hiyo inafaa mtu wa lori au mtu anafunika mbao. Nilikuwa nadhani turubai ni turubai.

Lile kubwa alilonifungulia lilikuwa mita 12 kwa 10, akalitandaza kwa uwanja na watu wakaanza kulizunguka kama maji ya mafuriko. Siku hiyo hiyo alilikata vipande tisa na saa kumi jioni hakuna kilichobaki. Nilinunua kimoja, mita 3 kwa 4, shilingi 1,200, na sikuomba bei ya rafiki juu nataka kulipa kile kila mtu analipa.

Nikalibeba hadi nyumbani Umoja kwa matatu, makanga akanilipisha kiti cha pili, ni haki yake, lilikuwa limekaa hicho kiti kweli.

Sai limelala sebuleni. Ni kidevu na sehemu ya midomo, na dadangu akienda jikoni anakanyaga mdomo. Usiku nimefunga lenzi ya kupiga vitu vidogo nikatambaa juu yake. Ukikaribia kabisa hakuna uso. Kuna vidoti vya samawati, waridi, manjano na vyeusi, vimetapakaa kama mchele uliomwagika, na chini ya vidoti unaona nyuzi zimesukwa, juu hii kitu ni kitambaa cha nyuzi za polyester kilichopakwa plastiki ya PVC pande zote mbili. Ndio maana haliozi. Na ndio maana watu hawafai kulichoma, moshi wa PVC ni sumu, lakini nimeona pale Kamukunji wakianzia moto na vipande vyake. Nimeandika hiyo pembeni, sijui kama ni ya filamu hii.

Nimepiga dakika 50 za vidoti. Nikirudisha kamera nyuma polepole, kuna mahali, kama mita moja na nusu, penye vidoti vinakuwa ngozi. Ghafla tu. Nimerudia hicho kitendo mara kumi na mbili nikitafuta hiyo nukta na kila mara inanishtua.

24 Februari

Skrini za kielektroniki za mjini zimenisumbua jana usiku wote. Ukizipiga na kamera zinatoa mistari myeusi inayopanda, macho hayaioni ila kamera inaiona. Taa za kawaida hapa kwetu ni rahisi, stima yetu ni hezi 50, unapiga fremu 25, yaani picha 25, kwa sekunde na shata, ule muda kila picha inapokea mwanga, ya 1/50 ya sekunde na kila kitu kinatulia. Hizi skrini zina mwendo wao wenyewe, zinawaka na kuzima haraka sana kwa mpangilio wa kiwanda, kwa hivyo kila moja ina dawa yake. Nilikaa karibu na Archives, lile jengo la kumbukumbu za taifa katikati ya mji, hadi saa tano usiku nikibadilisha shata kidogo kidogo. Mwishowe mistari ilipotea.

Halafu nilipofika nyumbani nikaangalia nikagundua zile za mistari ndio nzuri. Zile safi zinaonekana kama tangazo lingine tu. Zenye mistari unaona mashine ikipumua. Nitatumia zenye mistari.

2 Machi

Jana tumepima jam. Mwenzangu wa saundi alikaa na saa, mimi na kamera, kiti cha mbele cha matatu, Bellevue hadi Nyayo Stadium, saa kumi na mbili jioni. Kila bango likiingia kwa kioo anaanza kuhesabu, likitoka anasimamisha.

Bango moja la siagi tulikaa nalo dakika 11 na sekunde 20. Kuna mtu alilipa studio, mpiga picha, mpishi, msichana wa kutabasamu, wote wakijua dereva ana sekunde chache za kulisoma, maneno matano, rangi mbili, basi. Na sisi watu 14 tukalitazama dakika 11. Ukilitazama hivyo unaanza kuona vitu havikukusudiwa, venye mkate una kivuli upande mmoja na kisu kina kivuli upande wa pili, venye mtoto wa kwa picha macho yake hayaangalii mkate yanaangalia mtu nyuma ya kamera. Yule mama aliyekaa nyuma yangu akamwambia mwenzake, huyo mtoto ana njaa ama ana usingizi? Maiki ilikuwa wazi. Nimeomba ruhusa yake tukishuka, akakubali, akasema lakini msiweke uso.

Leo asubuhi tulirudi kwa gari ya rafiki tukapanda Expressway, ile ya kilomita 27 kutoka Mlolongo hadi Westlands iliyofunguliwa 2022, tukalipa, tukapita sehemu hiyo hiyo kwa juu. Bango lile lile: sekunde 6. Mabango mengine kule juu hata yameinuliwa yalingane na hiyo barabara, wa chini anaona nguzo na matako ya bango.

Nitaweka hizo mbili zote bila kukata. Sekunde 6, halafu dakika 11 na sekunde 20. Najua kuna watu watatoka nje ya ukumbi. Mwenzangu wa saundi ananiomba nipunguze iwe hata dakika nne na nimekataa, juu hakuna mtu alitupunguzia sisi.

9 Machi

Mikanda ya VHS. Shangazi yangu alikuwa anarekodi vipindi vya TV miaka ya tisini mwanzoni, hiyo ni baada ya VoK, shirika la utangazaji la serikali, kubadilishwa jina kuwa KBC 1989 na stesheni ya KTN kuanza 1990, na alikuwa anasimamisha rekodi matangazo yakianza ili kuokoa mkanda. Lakini kidole hakina haraka ya kutosha. Kila mkanda una mikia ya matangazo, sekunde tatu, sekunde tano, mwanzo wa wimbo wa sabuni, nusu ya tabasamu, halafu chwaa, mchezo unaendelea. Nina mikanda 31. Saba ina kuvu, nyuzi nyeupe ndani ya kioo cha kaseti, hizo sijaziingiza kwa mashine kwanza juu kuvu inahamia kwa kichwa cha mashine na kuchafua mingine yote. Kuna fundi kule Luthuli Avenue anajua kuzifungua, nimempelekea tatu za kujaribu.

Kwa mkanda mmoja kuna tangazo la sigara, karibu zima. Mwanaume, farasi sijui wa wapi, machweo. Dadangu mdogo amezaliwa 2001, akauliza hii ni nini, hajawahi kuona tangazo la sigara maisha yake yote akiwa mtu wa kukumbuka vitu, juu Sheria ya Kudhibiti Tumbaku ya 2007 iliyaondoa. Sikujua ningeguswa hivyo. Kitu kilikuwa kila mahali, kwa kuta, kwa redio, kwa kofia za watu, kikaondolewa na mtoto akakua bila kujua kilikuwepo.

Haki za hizo klipu: Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inaruhusu matumizi ya haki kwa uhakiki, mradi utaje chanzo. Nitataja kila kimoja. Nimeanza daftari la hilo, mkanda namba, dakika, nini kinaonekana.

Nimehesabu pia. Tangazo la sekunde 30 kwa fremu 25 ni fremu 750. Nataka kujaribu kuonyesha fremu moja moja.

17 Machi

Kadi moja imekataa kusoma. Saa nzima ya asubuhi ya Gikomba imeenda. Nilikuwa nimechoka nikaahirisha kunakili hadi asubuhi, na asubuhi kadi haifunguki. Tangu leo kila kadi inanakiliwa kwa diski mbili kabla ya kula, na diski moja inalala kwa shangazi.

22 Machi

Hii siku niiandike vizuri.

Nimekuwa nikienda kwa mama wa nyanya wiki tatu bila kufungua kamera sana, nakaa kwa kreti, namsaidia kupanga, nanunua. Ananiita msichana wangu. Leo nikaleta kile kidevu changu kutoka nyumbani nikamuuliza kama anaweza kukitumia, nilitaka kupiga picha akikifunga. Akakifungua, akakiinua kwa jua, akaangalia kwa chini, akakikunja akanirudishia.

Hii hapana, akasema. Hii ni ngozi. Ngozi inafanya nyanya ikae mgonjwa.

Sikuelewa. Akanivuta mkono. Akaniambia simama hapa, angalia juu. Nyuma ya lile jicho kuna eneo kubwa la nyekundu tupu, rangi ya tangazo lenyewe. Sasa angalia chini. Chini yake kabisa ndio kreti za nyanya. Mwanga wa jua unapita kwa ile nyekundu unashukia nyanya, na nyanya zinawaka kama makaa. Akachukua nyanya moja akaitoa nje kwa jua la kawaida: nyanya ya kawaida, hata ina kijani kidogo kwa kitovu. Akairudisha: imeiva.

Siku ile turubai linakatwa, aliniambia, yeye alikuwa wa kwanza kufika na alichagua. Wengine walitaka kubwa. Yeye alitaka nyekundu. Jicho lilikuja tu, ni bahati ya jicho. Na yule wa hoho upande wa pili ana kipande cha kijani cha tangazo la simu. Na mwenye samaki huko mbele anatafuta samawati kila siku na hapati, samawati inaenda haraka.

Nimekaa hapo wiki tatu. Nimepiga hilo jicho kutoka pembe zote nikidhani filamu yangu ni ya jicho. Nilikuwa nimejaza daftari maneno mengi juu ya kutazamwa, tangazo linatutazama, na vitu kama hivyo. Na huyu mama alikuwa anafanya kazi yangu. Kuweka jeli nyekundu, ile karatasi ya plastiki ya rangi, mbele ya taa ili bidhaa ipendeze, hiyo ndio kazi niliyolipwa miaka sita kuifanya, na watu wameniita fundi wa taa kwa heshima. Yeye hajaitwa fundi wa kitu.

Halafu, nikiwa bado nimeshika hiyo, akachukua chupa ya maji iliyotobolewa kifuniko na akanyunyizia sukuma wiki. Chwi chwi chwi. Na hapo nikakaa chini kabisa.

Kwa sababu kwa studio tunafanya hivyo hivyo. Soda ya kwa bango ile yenye matone ya baridi, si baridi. Ni glisirini imechanganywa na maji, inapulizwa kwa chupa ndogo, matone yanakaa saa nzima chini ya taa bila kukauka wala kuteleza. Nimepuliza chupa mia kadhaa kwa maisha yangu.

Nimeuliza kama naweza kupiga mkono wake ukinyunyiza, siku nyingi, saa tofauti. Akasema piga, lakini uninunulie kitu kila siku ukipiga, nikisimama na wewe wateja wanapita. Hiyo ni sawa kabisa na nimeiweka kwa bajeti: shilingi 300 kwa siku, mboga tunakula.

29 Machi

Studio. Rafiki yangu aliye na nafasi Industrial Area ametupa Jumapili nzima. Tumeweka meza nyeusi, chupa moja isiyo na jina, taa moja kutoka nyuma, na nimepiga mkono wangu mwenyewe ukipuliza glisirini. Ukubwa ule ule wa fremu na mkono wa mama, urefu ule ule, mwanga unatoka upande ule ule. Nilikuwa na picha ya mkono wake kwa simu kando ya kamera nikilinganisha kidole kwa kidole.

Kuna mtu alishapita karibu na hapa na nataka nimtaje, Harun Farocki, Mjerumani, amefariki 2014. Mwaka 1997 alifanya filamu akikaa na wapiga picha wa matangazo wakipanga jibini, glasi za bia, saa ya mkono, saa nzima kwa kusogeza kitu milimita mbili, na kando yao akaweka wachoraji wa karne ya 17 wa kule Flanders waliochora meza za chakula. Niliiona zamani na nilijifunza kwake kwamba unaweza kuonyesha kazi bila kumtukana anayeifanya. Lakini wake wote, wachoraji na wapiga picha, wako ndani ya chumba. Mimi nina mtu yuko nje, kwa tope, na taa yake ni jua limepita kwa ngozi ya bango. Hapo ndipo nataka kusimama.

6 Aprili

Mvua imefika. Tumerekodi saundi tu, masaa manne, maiki moja juu ya turubai moja chini. Mvua kwa mabati ni kelele, kwa turubai ni kama mtu anakaanga. Na kila dakika chache maji yanajikusanya katikati, turubai linafanya tumbo, na mtu anasukuma na mti, maji yanamwagika, whaaa, na jirani anapiga nduru. Kwa kibanda cha jicho tumbo linafanyika kwa jicho. Likijaa linavimba, likisukumwa linafunguka. Niliwasha kamera hapo. Dakika tatu na nusu, picha moja, mvua yote.

12 Aprili

Shosho wa jirani yetu ana miaka 81, amenisimulia gari la sinema. Kijijini kwao Ukambani, gari linakuja jioni na kipaza sauti, linafunga kitambaa cheupe kwa mti, watu wanakuja na stuli. Filamu bure. Katikati inasimama, sabuni, sigara, dawa ya kichwa, halafu inaendelea. Nikamuuliza shosho, mlikuwa mnakasirika ikisimama? Akasema kukasirika kwa nini, hata hiyo ilikuwa sinema. Watoto walikuwa wanaenda nyuma ya kitambaa kuangalia kwa upande wa pili, ilikuwa inaonekana vile vile lakini maandishi yamegeuka. Yeye alikuwa mmoja wao. Alisema alijua sabuni kwa kinyume kabla hajajua kusoma.

Nimemrekodi sauti peke yake, hakutaka picha. Sauti yake itaingia juu ya vidoti.

20 Aprili hadi 30 Aprili

Kuhariri. Stima imepotea mara tano kwa hizo siku kumi kwa hivyo nimehariri nyingi usiku wa manane. Saa 46 za picha zimeshuka hadi dakika 52.

Fremu 750 zimefanya kazi nusu. Nilichukua tangazo moja la mafuta ya kupikia kutoka kwa mkanda wa shangazi, lililobahatika kurekodiwa lote, nikaiweka kila fremu sekunde mbili. Hiyo ni dakika 25, filamu nzima yenyewe. Nimeikata, nimebakisha fremu 40 za mwisho, mama wa tangazo akigeuka kutabasamu. Kwa mwendo wa kawaida ni chini ya sekunde mbili. Fremu kwa fremu, unaona kabla ya tabasamu kuna uso mwingine, wa mtu anayesubiri kuambiwa. Fremu ya 11 hadi ya 16. Nimeziangalia mara nyingi sana. Najua huo uso, nimeuona kwa seti kila wiki, na hakuna mtu anaupiga picha.

Mikono miwili, ya mama na yangu, zinafuatana bila maelezo. Mwenzangu aliona mara ya kwanza bila kuambiwa akanyamaza, halafu akasema rudisha.

Sehemu inayonisumbua ni ya mapaa. Karibu vibanda vyote Gikomba picha ya tangazo iko ndani, inaangalia chini, mgongo mweupe uko nje. Nimetengeneza dakika sita nzuri sana, nyuso zote za ndani moja baada ya nyingine, na sauti za soko, na inajengeka hadi unahisi watu wameweka hizo nyuso ndani kuwa nazo karibu, kama picha za ukutani nyumbani. Ni dakika sita ninazozipenda kuliko zote.

3 Mei

Tumeonyesha kwa soko. Nilitundika kile kidevu changu kati ya kibanda cha mama na cha viatu, mgongo mweupe ukiangalia watu, ndio skrini. Stima tumetoa kwa kinyozi, shilingi 200. Saa moja jioni, wakifunga. Walikuja kama 30, wengine wamesimama na mizigo, wengine watoto.

Dakika 11 za jam hakuna aliyeondoka. Walianza kuongea na bango! Mtu mmoja akasema huyo mtoto apewe huo mkate jamani. Yule wa viatu alimtambua mwenye meno yake, akapiga makofi.

Mikono ilipokuja kukawa kimya, halafu mama akasema kwa sauti, eee, na wao pia wanadanganya na maji? Na watu wakacheka, na akageuka akanitafuta gizani akaniuliza, hiyo ni yako hiyo mkono? Nikasema ndio mama. Akasema ina haraka. Inyunyize polepole, maji yaingie.

Halafu zile dakika sita za nyuso. Nilikuwa nangojea hapo. Na zikapita na mama akaniita baadaye, tukiwa tunakunja, akaniuliza, msichana wangu, mbona umeonyesha chini tu, hujaonyesha juu? Nikamwambia nilidhani mnapenda picha iwe ndani. Akashangaa. Nyeupe inarudisha jua, alisema. Ukigeuza hiyo rangi ikae juu, inanyonya moto, saa nane hapa ni tanuri, nyanya zinapasuka. Kila mtu anajua hiyo. Na rangi ikikaa nje jua inaila, miezi michache nyekundu yangu imekwisha.

Basi ni hivyo. Dakika sita zinatoka. Dadangu alikuwa ananiambia niziache, ni nzuri, nani atajua. Lakini zinasema kitu kuhusu hawa watu ambacho hawakusema, na sitaki kuwafanyia hivyo, nimefanya hivyo vya kutosha kwa kazi ya kulipwa.

6 Mei

Nimepanda ghorofa moja inayoangalia soko, karetaka aliniruhusu dakika kumi nione tu. Sikuwa na kamera. Ukiwa juu, Gikomba upande huo ni nyeupe. Mapaa ya mabati yenye kutu, na katikati yake nyeupe, nyeupe, nyeupe, zimeungana kama mtu ameanika shuka za hoteli. Nimefanya kazi miaka sita kuyaweka hayo matangazo hewani na kutoka angani hakuna hata moja linaonekana. Yote yameangalia chini kwa nyanya.

8 Mei

Karetaka amekubali Alhamisi, kuanzia saa nne hadi saa nane, tumpe 1,500 na tusikaribie tangi la maji. Nataka picha moja, tripodi, lenzi pana, soko lote jeupe, na saa sita kamili mama ameahidi ataenda nje asukume turubai lake kwa chini na mti, kama siku ya mvua, ili nijue lake ni lipi. Nitaona tu nyeupe moja ikiinuka na kushuka. Mwenzangu atakuwa chini na maiki kwa kreti za nyanya. Nimemnunulia mama nyanya za wiki nzima kabla. Betri nne ziko kwa chaja, kadi mbili zimefutwa, diski ya pili nimeshairudisha kutoka kwa shangazi. Ikinyesha tunaenda Ijumaa.